Kabla ya Cannes: jibu kwa kijana anayetaka kufuata njia ya Erik Matti

“Shikamoo Mwalimu. Nina miaka 26 na riziki yangu ni kupiga video za harusi na za wanamuziki wa mtaani. Filamu ya BuyBust niliiona mara ya kwanza kwenye kibanda umiza, ikiwa imetiwa sauti ya msimuliaji wa Kiswahili, baadaye nikaitafuta mwenyewe pamoja na On the Job. Tangu hapo nataka kutengeneza filamu za mapigano na taharuki kama za mwongozaji huyo Mfilipino, Erik Matti. Ila nimesoma kwamba alianza na filamu za mapenzi ya chumbani na vichekesho, na rafiki yangu anasisitiza kuwa ni Cannes iliyomwokota, na kwamba BuyBust ni nakala tu ya The Raid ya Indonesia. Je, kazi ninazofanya sasa zinaniharibia jina? Ni kweli wafungwa hutolewa gerezani kwenda kuua, kama kwenye On the Job? Na ile sehemu ya BuyBust ya kupigana juu ya mabati bila shoti kukatwa, mimi na wenzangu watano tunaweza kuipiga?”

Marahaba, mwanangu. Umeuliza mengi kwa pamoja, lakini nionavyo hofu yako ni moja: unadhani kuna waongozaji wanaozaliwa upande wa heshima na wengine wanaozaliwa upande wa harusi, na kwamba anayevuka kutoka upande mmoja kwenda mwingine huwa ameshikwa mkono na mgeni mkubwa kutoka ng’ambo. Kazi ya Matti inaonyesha kinyume chake, na ndiyo maana nimeona nikujibu kwa kirefu.

Nianze na hilo la kuokotwa na Cannes. Ni kweli kwamba Mei 2013 filamu yake ya On the Job ilionyeshwa katika kitengo cha Quinzaine des Réalisateurs, kinachofanyika sambamba na tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, na kwamba baada ya hapo jina lake lilianza kuandikwa katika magazeti ambayo awali hayakumjua. Lakini wakati huo Matti, aliyezaliwa mwaka 1970, alikuwa na miaka 42, na filamu yake ndefu ya kwanza, Scorpio Nights 2, ilikuwa imetoka mwaka 1999. Alikwenda Cannes akiwa fundi aliyekwisha kukomaa, mwenye kampuni yake, mwenye filamu zilizouza na filamu zilizoanguka. Tamasha lilimpa hadhira mpya, jambo ambalo si dogo, lakini ufundi alikwenda nao kutoka nyumbani.

Ufundi huo alianza kuupata katika mkoa wa Negros Occidental, mbali na mji mkuu, Manila. Alisoma mawasiliano ya umma katika Chuo Kikuu cha St. La Salle mjini Bacolod, kisha akafanya kazi chini ya Peque Gallaga, mwongozaji mkubwa aliyetokea mkoa huohuo, na mwenzake Lore Reyes. Gallaga ndiye aliyetengeneza Oro, Plata, Mata mwaka 1982, filamu ndefu kuhusu familia za matajiri wakati wa Vita Kuu ya Pili, na miaka mitatu baadaye akatengeneza Scorpio Nights, filamu ya mahaba ya siri katika nyumba ya kupanga, iliyomletea sifa na lawama kwa pamoja. Kwa hiyo ile Scorpio Nights 2 inayokutia wasiwasi ilikuwa kazi ya mwanafunzi aliyekabidhiwa jina la filamu ya mwalimu wake, katika kipindi ambacho studio za Manila zilitoa filamu za aina hiyo kwa wingi kwa kuwa ndizo zilizojaza kumbi kwa gharama ndogo. Huwezi kumlaumu fundi kwa kupokea kazi iliyopo. Mwaka huohuo wa 1999 akatoa Ekis, ya uhalifu, na katika miaka iliyofuata akatoa Prosti, Pa-siyam ya kutisha, Gagamboy ambayo ni kichekesho cha shujaa mwenye nguvu za buibui, na mwaka 2005 Exodus, hadithi ya njozi na mazimwi iliyopangiwa msimu wa Krismasi.

Ukiziangalia filamu hizo kwa mfuatano utaona kwamba karibu kila moja ilimfundisha kitu kilichokuja kutumika baadaye. Filamu ya chumbani humlazimu mwongozaji kujenga taharuki kwa watu wawili na mlango mmoja; anajifunza ni wakati gani aonyeshe na wakati gani afiche. Filamu ya kutisha humfundisha kwamba sauti ya kitu kisichoonekana ina nguvu kuliko sura ya kitu chenyewe. Kichekesho humfundisha mapigo ya uhariri, kwa maana mzaha uliochelewa nusu sekunde hauchekeshi, kama ambavyo ngumi iliyochelewa nusu sekunde haiumi. Wewe unayepiga harusi unajifunza jambo ambalo vyuo vya filamu hufundisha kwa shida sana, nalo ni kulinasa tukio lisilorudiwa, ukiwa umekwisha kukisia bibi harusi atapita wapi kabla hajapita. Hakuna anayeharibikiwa jina kwa hilo. Jina huharibika kwa kuchelewesha kazi za watu, na hilo halihusiani na aina ya filamu.

Sasa nieleze jambo ambalo rafiki yako hakulitaja, na ambalo kwangu ndilo kiini cha habari yote. Matti aliingia kazini wakati sinema ya mapigano ya Ufilipino inakufa. Kwa miongo kadhaa filamu hizo zilikuwa chakula cha kila wiki cha Wafilipino, na nyota wake walikuwa wakubwa kiasi cha kuingia katika siasa za juu: Joseph Estrada alichaguliwa kuwa rais mwaka 1998, na Fernando Poe Jr., aliyependwa kuliko wote, aligombea urais mwaka 2004 akashindwa, akafariki dunia Desemba mwaka huohuo. Kufikia wakati huo studio zilikuwa zimeacha kuwekeza katika filamu za namna hiyo. Zina gharama ya magari, moto na watu wa michezo ya hatari, ilhali diski za wizi zilikuwa zikiuzwa barabarani kabla filamu haijamaliza wiki ukumbini, na serikali za mitaa ziliruhusiwa kutoza kodi ya burudani ya hadi asilimia 30 ya mapato ya mlangoni. Kodi hiyo ilipunguzwa hadi asilimia 10 kwa sheria ya mwaka 2009, lakini mazoea ya watazamaji yalikuwa yamekwisha kuhamia kwenye mapenzi na vichekesho. Kwa hiyo mtu aliyetaka kupiga filamu ya wauaji wa kukodiwa mwaka 2010 hakuwa akifuata mkumbo wowote.

Na kweli On the Job ilikwama. Studio moja kubwa iliyopelekewa wazo hilo ililiona lina ukatili mwingi na mvuto mdogo wa kibiashara. Wakati huo Matti alikuwa ameungana na mtayarishaji Dondon Monteverde, mtoto wa Lily Monteverde aliyeanzisha Regal Films, wakawa na kampuni yao wenyewe, Reality Entertainment. Hawakukaa kusubiri kibali. Mwaka 2012 walitoa Tiktik, hadithi ya aswang, yaani mazimwi ya ngano za Kifilipino, ambayo ilikuwa filamu ya kwanza nchini humo kupigwa yote mbele ya kitambaa cha kijani na mandhari yake kuchorwa kwa kompyuta. Baada ya hapo ndipo On the Job ilipopigwa kwa ushirikiano na Star Cinema, kwa siku 33 na bajeti ya takriban peso milioni 47, ambazo kwa wakati ule hazikuzidi sana dola milioni moja za Marekani.

Ikiwa utachukua jambo moja kutoka katika jibu hili, chukua mpangilio huo: filamu ya kujaza kumbi mkono mmoja, filamu ya moyoni mkono wa pili, na kampuni yako mwenyewe ikizishika zote mbili. Nakiri kwamba mpangilio huo una gharama yake. Baadhi ya filamu za upande wa kwanza ni nyepesi mno, na ukiniuliza mimi, Exodus haistahili saa mbili za maisha yako isipokuwa kama unachunguza namna bajeti inavyoweza kuishinda njozi.

Kuhusu wafungwa, jibu la uaminifu ni hili. Matti alieleza kwamba wazo alilipata kwa mfanyakazi mmoja wa filamu aliyedai kuwa alipokuwa kifungoni alikuwa akitolewa kwa muda, anatumwa kuua kwa malipo, kisha anarudishwa ndani. Hayo ni madai ya mtu mmoja yaliyozaa hadithi, wala filamu yenyewe si hati ya mahakama, kwa hiyo usiseme “imethibitishwa”. Lakini tazama jinsi mwandishi Michiko Yamamoto na Matti walivyoyatumia. Filamu inafunguka katika sherehe ya mtaani ya San Juan, siku ambayo watu hurushiana maji. Kila mtu amelowa, kila mtu anapiga kelele, na katikati ya furaha hiyo mzee Tatang, aliyeigizwa na Joel Torre, na kijana Daniel, aliyeigizwa na Gerald Anderson, wanaua mtu na kuondoka. Baadaye kidogo tunawaona wakirudi gerezani kwa hiari yao wenyewe, na hapo ndipo nywele zinaposimama. Gereza ni mahali pazuri kuliko pote pa kumficha muuaji, kwa sababu ana ushahidi wa serikali kwamba siku ya mauaji alikuwa ndani. Taharuki ya filamu nzima inasimama juu ya hoja hiyo. Hatuulizi nani ameua, maana tumemwona. Tunauliza ni nani mwenye funguo za gereza, na kila mlango unaofunguliwa unatupeleka ghorofa ya juu zaidi ya serikali. Ndiyo sababu mpelelezi aliyeigizwa na Piolo Pascual amepewa baba mkwe ambaye ni mbunge. Siendelei, nisije nikawaharibia wengine.

Uliposema kwamba BuyBust “haina maneno mengi, ni damu tu” kama ulivyoandika katika kipande cha barua yako ambacho sikukinukuu hapo juu, nilijua ni msimuliaji wa kibandani. Simdharau, wasimuliaji wetu wana sanaa yao, na mimi nilikulia humohumo. Lakini filamu hii hubeba siasa zake katika mambo ambayo sauti ya msimuliaji hufunika: mazungumzo ya askari kabla ya operesheni, mayowe ya wakazi, taarifa ya habari mwishoni. Ilitoka Agosti 2018, wakati kampeni ya Rais Rodrigo Duterte dhidi ya dawa za kulevya, iliyoanza katikati ya mwaka 2016, ilikuwa bado inaendelea. Hesabu za serikali yenyewe zilikuja kukiri vifo zaidi ya 6,000 katika operesheni za polisi, na watetezi wa haki za binadamu wanasema idadi halisi ni kubwa zaidi. Ndani ya hali hiyo Matti anakiingiza kikosi cha maofisa wa kupambana na dawa za kulevya katika mtaa wa mabanda usiku wa mvua, njia ya kutokea inafungwa, na wakazi waliochoka kuzika ndugu zao wanawageukia polisi na wauzaji kwa pamoja.

Hapo ndipo ulinganisho na The Raid unapopata nguvu na unapoipoteza. Mfanano upo, nami sitakuficha: kikosi kilichonaswa katika makazi ya maadui ndio mfumo wa filamu ile ya mwaka 2011, na kila mtengeneza filamu za mapigano Kusini-mashariki mwa Asia aliiona. Tofauti iko kwenye miili. Wapiganaji wa The Raid ni mafundi wa pencak silat, sanaa ya mapigano ya Indonesia, na raha ya mtazamaji ni kuona ustadi wao. Katika BuyBust, Anne Curtis, ambaye watazamaji walimzoea katika filamu za mapenzi, anacheza ofisa Nina Manigan, na anaopigana nao ni mama wa jikoni, kijana mwenye rungu, mzee aliyeshika chochote alichokiokota. Wanateleza, wanakosea shabaha, wanaishiwa pumzi. Hata Brandon Vera, aliyekuwa wakati huo bingwa halisi wa uzito wa juu wa mapigano mchanganyiko, anaelemewa na wingi wa watu. Kasoro ya filamu hii ni urefu: kufikia saa ya pili, mapigano yanayofanana yanapunguza makali ya hoja, na wahakiki waliolisema hilo hawakumwonea.

Sasa mabati, na hapa naomba unisikilize vizuri. Sehemu unayoizungumzia inachukua takriban dakika tatu, Nina akivuka mapaa huku akishambuliwa kutoka kila upande, na kamera ikimfuata bila kukatwa machoni pa mtazamaji. Shoti ya namna hiyo haitokani na ujasiri wa siku moja. Mapigano hugawanywa katika vipande vidogo, kila kipande kikafanyiwa mazoezi kwenye sakafu tambarare, kwanza polepole kisha kwa kasi kamili, hadi kila mtu ajue mguu wake unakanyaga wapi mwenzake anapoanguka. Mpiga kamera hufanya mazoezi kama mpiganaji, maana naye anatembea kinyumenyume. Juu ya paa hakuna anayekanyaga bati tupu. Chini yake huwekwa mbao au chuma cha kubeba uzito, kingo hufunikwa, na aliye kwenye hatari ya kuanguka huvaa mshipi wenye kamba ambayo hufutwa baadaye kwa kompyuta. Mara nyingi kinachoonekana kuwa shoti moja ni shoti kadhaa zilizounganishwa pale kamera inapopita penye giza au nyuma ya mgongo wa mtu.

Kwa hiyo jibu langu kwa wewe na wenzako watano ni hapana, msipande. Mnaweza kuipiga chini, katika uchochoro, mchana, kwa sekunde arobaini badala ya dakika tatu, na mkajifunza karibu kila kitu alichokijua Matti kabla ya kuipiga sehemu ile. Siku mtakapotaka urefu, moto, gari linalokwenda kasi au silaha inayofanana na ya kweli, tafuteni mtu aliyefunzwa kuratibu michezo ya hatari, awepo pale kwa mwili wake wala si kwa ushauri wa simu, naye awe na mamlaka ya kusema “leo hatupigi” hata kama mwongozaji ananuna. Mkiigiza na bunduki za bandia mtaani, polisi wa eneo hilo waarifiwe kwa barua kabla. Na kama tayari kuna mwenzenu aliyeumia kichwa au mgongo katika mazoezi, aende hospitali leo, hata kama anasema yuko sawa.

Umeuliza pia, kwa pembeni, kama ni kweli Matti alinyimwa tuzo. Mwaka 2015 alitoa Honor Thy Father, ambayo kwangu ndiyo filamu yake iliyokamilika kuliko zote. John Lloyd Cruz, kipenzi cha filamu za mapenzi, anaigiza mume ambaye mkewe na baba mkwe wamewaingiza waumini wa kanisa lao katika upatu wa udanganyifu; fedha zinapotoweka na baba mkwe kuuawa, waliotapeliwa wanaigeukia familia, na mume anarudi kwa ndugu zake, wachimba madini wa milimani kaskazini mwa kisiwa cha Luzon, kutafuta njia ya kupata fedha chini ya kanisa lenyewe. Kuna mapigano machache sana humo, na bado mikono inatoka jasho. Filamu ilionyeshwa katika tamasha la Toronto, Kanada, Septemba, kisha ikaingia katika Tamasha la Filamu la Metro Manila, ambalo tangu mwaka 1975 hutawala kumbi kuanzia siku ya Krismasi kwa filamu za nyumbani pekee. Katika mkesha wa utoaji wa tuzo, waandaaji waliiondoa katika kinyang’anyiro cha filamu bora, kwa maelezo kwamba haikutangaza kuwa ilikwisha kufungua tamasha jingine la ndani. Matti alipewa tuzo ya mwongozaji bora siku iliyofuata, na suala likafika bungeni. Mwaka mmoja baadaye alirudi katika tamasha hilohilo na Seklusyon, filamu ya kutisha kuhusu mashemasi waliojitenga kabla ya kupewa upadri, akapewa tena tuzo ileile.

On the Job: The Missing 8 ndiyo iliyofuata kwa uzito, ikashindanishwa katika tamasha la Venice, Italia, mwaka 2021, na John Arcilla akatwaa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume kwa nafasi ya mwandishi wa habari aliyezoea kumsifu meya, hadi wenzake wanapotoweka. Ina saa tatu na nusu karibu. Kumbuka inatoka katika nchi ambayo Novemba 2009, katika mkoa wa Maguindanao, waandishi na wafanyakazi wa habari 32 waliuawa kwa siku moja miongoni mwa watu 58. Ukiijua habari hiyo hutauliza kwa nini filamu haina haraka.

Kuhusu njia yako mwenyewe, naona unazo mbili za kuchagua. Unaweza kuacha harusi sasa na kutafuta fedha za filamu ndefu. Utapata muda, lakini utampa mfadhili wa kwanza atakayejitokeza nguvu kubwa mno juu yako. Au ubaki na harusi, na kila mwaka upige filamu fupi moja ya taharuki yenye watu wawili na chumba kimoja, hadi uwe na tatu za kuonyesha. Mimi ningefuata ya pili, ingawa najua ni ya polepole na kwamba wapo waliozama ndani yake wakabaki na harusi maisha yao yote. Ukifika pa kusaini mkataba wowote wa ushirikiano, mpelekee wakili anayeshughulikia hakimiliki akausome mbele yako, hasa kipengele cha nani anamiliki filamu baada ya maonyesho ya kwanza. Na unapojaza fomu ya tamasha, andika kila mahali filamu ilipokwisha kuonyeshwa, hata kama ni ukumbi wa chuo wenye viti ishirini.